Kutoka Bukene hadi Kwihara: Matembezi katika Njia Kuu ya Misafara

Makala haya yametokana na matembezi mafupi ya miguu ambayo sisi, kikundi kidogo cha wahubiri na wazee wa kanisa tuliotoka Bukene, tuliyafanya katika mji wa Tabora na katika bonde la Kwihara lililo nje yake. Nia yetu haikuwa utalii. Tulitaka kuona kwa macho mahali ambapo historia ya Kanisa katika Afrika ya Mashariki imepita, na kuona jinsi historia hiyo inavyosimuliwa hivi leo kwa mgeni anayefika. Ndugu msomaji atatuwia radhi iwapo hatutaeleza kila jengo tulilolipita. Mengine yanastahili makala yake yenyewe.

Hatuna budi kueleza kwanza kwa nini watu wa Bukene wajihusishe na jambo hili. Wengi huifahamu Bukene kama kituo cha gari moshi katika reli iendayo Mwanza, reli iliyojengwa wakati wa utawala wa Waingereza na kufika Mwanza mwaka 1928. Lakini nchi hii ya kaskazini ya Unyamwezi ilikanyagwa na misafara kwa miaka mingi kabla ya chuma kulazwa ardhini. Mwezi Julai mwaka 1858, John Speke alipomwacha mwenzake Richard Burton mgonjwa huko Kaze, sehemu ya Tabora ya leo, alielekea kaskazini kupitia nchi za upande huu hadi alipoliona ziwa kubwa mapema mwezi Agosti. Hakujitafutia njia mwenyewe. Aliongozwa na watu walioijua, kwa kuwa Wanyamwezi walikuwa wakitembea kati ya ziwa, Tabora na pwani tangu zamani, wakichukua pembe, chumvi, majembe na nguo. Burton mwenyewe ameandika kwamba kwa Wanyamwezi upagazi ulihesabiwa kuwa kazi ya heshima, na kijana asiyewahi kufika pwani hakuonekana bado kuwa mwanamume kamili. Babu zetu walikuwa wapagazi. Ndiyo sababu tulitaka kwenda kuona mahali walipotua mizigo.

Tulianzia stesheni ya Tabora. Reli ya Kati ilifika hapa mwaka 1912, na ikafika Kigoma mwaka 1914, vita vikuu vikikaribia. Kutoka stesheni mgeni hupita chini ya miembe mikubwa. Wenyeji husema kwamba miembe hii iliota kutokana na kokwa walizotupa wapagazi na watumwa waliokuwa wakipita. Yamkini nyingine ilipandwa kwa makusudi, lakini kivuli chake ni kilekile, na wakati wa msimu wa maembe hakuna anayeuliza asili yake. Kuhusu jina la mji, watu wengi wa hapa hulihusisha na matobolwa, yaani viazi vitamu vilivyochemshwa na kukaushwa, chakula kilichofaa sana kwa msafiri kwa sababu hakiharibiki upesi.

Tukapanda hadi kwenye boma la Wajerumani, ambalo tulilitazama kutoka nje. Bendera ya Ujerumani ilipandishwa Tabora na Emin Pasha mwaka 1890, lakini Unyanyembe haikukubali kwa urahisi. Mtemi Isike aliendelea kupigana hadi Januari 1893, wakati Luteni Tom von Prince alipoivunja ngome yake. Isike, alipoona kuwa amezingirwa, aliiwasha baruti iliyokuwa ghalani ili asikamatwe akiwa hai. Kiongozi wetu, kijana mwenye elimu na sauti nzuri, aliyasimulia haya kwa dakika chache tu, kisha akatuhimiza twende, maana jua lilikuwa likipanda na Kwihara ni mwendo wa saa moja na nusu hivi kwa miguu. Sisi tungependa Isike apewe muda mrefu zaidi. Hata hivyo tulitii.

Kwihara ni bonde lililozungukwa na vilima vya mawe, na mtu akisimama mteremkoni anaelewa mara moja kwa nini wafanyabiashara walipapenda. Kuna maji chini, kuna mashamba, na juu ya vilima mlinzi huweza kuona vumbi la msafara likiwa bado mbali. Waarabu na Waswahili kutoka pwani walifanya makao Unyanyembe tangu miaka ya 1850, kwa makubaliano na watemi wa ukoo wa Fundikira, ambao waliwatoza ushuru. Kutoka Bagamoyo hadi hapa msafara ulichukua miezi mitatu hivi, kila mpagazi akibeba mzigo wa frasila mbili, yaani kilo thelathini na kidogo, mbali na chakula chake, mkeka wake na silaha yake. Vitu vilivyopanda bara vilikuwa merikani, kaniki, shanga, nyaya za shaba, bunduki na baruti. Vilivyoteremka pwani vilikuwa pembe za ndovu. Na waliteremka watu.

Nyumba ambayo wageni huletwa kuiona huitwa Tembe ya Livingstone. Ni tembe kweli kweli: kuta nene za udongo, paa la bapa, ua katikati, na vyumba vinavyouzunguka ua huo. Nyumba ya asili ilikuwa imekwisha kuanguka, na hii tunayoiona ilijengwa upya wakati wa utawala wa Waingereza. Ndani yake yamewekwa maelezo, picha na ramani zinazohusu safari za Dakta Livingstone. Kiongozi wetu alitupitisha chumba kwa chumba, na kwa kweli alizijua tarehe zake vizuri. Henry Stanley alifika Kwihara mwezi Juni 1871, akaingia katika vita kati ya Waarabu na Mirambo wa Urambo. Mwezi Agosti mwaka huo Mirambo alishambulia Tabora, akauchoma sehemu yake, na Khamis bin Abdullah, mmoja wa wakuu wa Waarabu, akauawa. Stanley alitoboa matundu ya bunduki katika kuta za tembe akimngojea Mirambo, ambaye hakuja. Kisha akazunguka upande wa kusini hadi Ujiji, akamkuta Livingstone, nao wawili wakarudi Kwihara tarehe 18 Februari 1872. Stanley aliondoka mwezi Machi kwenda pwani. Livingstone alibaki katika nyumba hii miezi mitano na zaidi, akiwangojea wapagazi ambao Stanley aliahidi kumpelekea kutoka Unguja. Wakafika mwezi Agosti, naye akaondoka tarehe 25 ya mwezi huo, asirudi tena akiwa hai.

Hapo ndipo mzee mmoja wa kanisa katika kundi letu, mtu asiyesema sana, alipouliza: "Mwanangu, umetuonyesha chumba cha Mzungu. Nyumba hii ni ya Mwarabu. Na wale waliouzwa, chumba chao kiko wapi?" Kijana alinyamaza kidogo, kisha akajibu kwa adabu, "Baba, hicho hakikuwekewa kibao." Tulisimama uani bila kusema neno, kuku wakipita katikati yetu.

Swali lile ndilo lililotufanya tuandike. Si swali la kumlaumu kijana, ambaye husimulia alichofundishwa, wala si la kumdharau Livingstone, ambaye maandishi yake yaliwafungua macho watu wengi huko Ulaya kuhusu biashara ya watumwa. Ni swali juu ya nani anahesabiwa kuwa ametenda historia. Na ajabu ni kwamba majibu yake yamo katika daftari za Livingstone mwenyewe, na katika kumbukumbu za watu waliomzunguka, iwapo tutazisoma kwa kuwatafuta hao wengine.

Tumchukue kwanza mwanamke mmoja, Halima. Alikuwa mpishi wa Livingstone, naye hakuwa huru. Msafara ulipoanza kuondoka Kwihara mwezi Agosti 1872, Halima aligombana na mwanamke mwenzake, Ntaoeka, akatoroka. Alirudi siku chache baadaye. Livingstone aliandika katika shajara yake maneno mengi ya kumsifu kwa uangalifu na uaminifu wake, akaongeza kwamba atamweka huru, na kumnunulia nyumba na shamba la bustani huko Unguja watakapofika. Hawakufika pamoja. Ahadi ile ilikufa na aliyeitoa. Sisi hatuoni sababu ya kulificha jambo hili katika mahubiri yetu, maana ndilo linaloonyesha utumwa ulivyokuwa: haukuwa mnyororo na soko tu, bali ulikuwa jikoni, ndani ya msafara wa mtu aliyeuchukia, nao uliweza kusubiri hadi mwisho wa safari. Mwanamke huyu alipika katika ua ule ule tuliosimama. Jina lake tulilitafuta katika maelezo ya ukutani tusilione.

Jambo la pili ni kubwa zaidi, na kwa maoni yetu ndilo tukio lililo kuu kuliko yote yaliyotokea Kwihara. Livingstone alifariki mwanzoni mwa Mei 1873 katika kijiji cha Chitambo, nchini Zambia ya leo. Watu wake waliamua wenyewe, bila amri ya mtu yeyote, kuurudisha mwili wake. Waliuzika moyo wake chini ya mti, Jacob Wainwright akiisoma ibada ya maziko. Mwili waliutia chumvi, wakauanika juani kwa muda wa majuma mawili, wakaufunga katika gome la mti na nguo, wakautia nguzoni, wakaanza safari. Walikuwa watu wapatao sitini, wanaume, wanawake na watoto. Njiani maradhi yaliwashika wengi, na baadhi yao walikufa kabla hawajafika Unyanyembe.

Tarehe 20 Oktoba 1873 Chuma alifika Kwihara akitangulia msafara. Alichukua barua iliyoandikwa na Jacob Wainwright, iliyokusudiwa kwa mtoto wa Livingstone, Oswell, ambaye walisikia kwamba yuko njiani akimtafuta baba yake. Badala yake walimkuta Luteni Verney Lovett Cameron, pamoja na Dakta Dillon na Luteni Murphy, wote wakiwa wameshikwa na homa, wakikaa katika tembe ile ile. Cameron aliogopa kwamba msafara wenye maiti ungepata taabu kubwa kupita nchi zilizo mbele, hasa Ugogo, akashauri mwili uzikwe hapo hapo Kwihara. Hakika ushauri wake haukuwa wa kijinga. Aliyeutoa alikuwa afisa wa Kiingereza, aliyetumwa na wakubwa wa Uingereza kumtafuta huyo huyo marehemu. Waliopewa ushauri walikuwa wapagazi na watumishi, baadhi yao waliokombolewa kutoka utumwani, wasio na cheo chochote, waliochoka, na ambao malipo yao hayakuwa na hakika.

Walikataa. Walisema kwamba mwili utafika pwani na kwenda kwao.

Tumejiuliza mara nyingi nguvu ya kukataa huko ilitoka wapi. Vitabu vya zamani husema ni upendo na uaminifu kwa bwana wao, na hatukanushi kwamba upendo ulikuwapo. Lakini jibu hilo likiachwa peke yake huwafanya wawe kama watoto. Tukumbuke kwamba walikuwa na akili ya kazi yao. Mtumishi anayerudi pwani bila bwana wake, akileta habari tu ya kifo, huulizwa maswali magumu. Hata huweza kushtakiwa kwamba amemtupa au amemwua. Mwili ulikuwa ushahidi. Vivyo hivyo daftari, vyombo na masanduku, ambavyo walivihesabu na kuviandika orodha siku ile ile ya msiba kule Chitambo. Aidha, kwa watu wetu maiti si mzigo wa kuachwa nchi ya wengine iwapo ndugu zake wanajulikana. Na zaidi ya hayo, walikwisha kufanya shauri la pamoja na kuwachagua Susi na Chuma kuwa viongozi. Baraza lilikwisha kuamua, na afisa mgeni hakuwa na kura katika baraza hilo. Cameron, kwa upande wake, aliwaachia wapite, lakini alichukua sehemu ya vyombo vya kupimia vya marehemu kwa ajili ya safari yake mwenyewe. Jambo hilo halikuwapendeza.

Yaliyofuata baada ya Kwihara yanaonyesha kwamba Cameron aliona hatari ya kweli, na kwamba wapagazi walijua namna ya kuiepa kuliko yeye. Walipofika Kasekera walipata habari kwamba wenyeji wa mbele hawatakubali maiti ipite. Hapo waliufungua mwili kutoka katika gome lake, wakaufunga upya kwa umbo la mzigo wa kawaida wa nguo, kama robota lolote la merikani. Kisha wakatengeneza mzigo mwingine wa mabua wenye umbo la maiti, wakawapa watu kadhaa waubebe kwa heshima kurudi nao Unyanyembe, kana kwamba wamekubali kwenda kuzika. Watu hao walipofika porini usiku waliyatawanya mabua, wakarudi kimya kimya mmoja mmoja. Dakta Dillon, aliyeondoka Kwihara pamoja nao akiwa mgonjwa sana, alijiua kwa bunduki katika siku hizo za Novemba. Na upande ule ule wa safari msichana mdogo wa msafara, jina lake Losi, aliumwa na nyoka alipokwenda kuteka maji, akafa. Tunalitaja jina lake kwa sababu ni nadra sana jina la mtoto wa msafara kufika hadi kwetu.

Walifika Bagamoyo mwezi Februari 1874, miezi tisa tangu walipoondoka Chitambo. Hapo mwili ulichukuliwa kutoka mikononi mwao. Walilipwa mishahara yao, wakaachwa watawanyike. Katika maziko yaliyofanyika Westminster Abbey tarehe 18 Aprili 1874, ni Jacob Wainwright peke yake miongoni mwa waliobeba mwili aliyekuwapo. Susi na Chuma waliletwa Uingereza baadaye, wakamsaidia Horace Waller kuzitengeneza shajara za mwisho kwa ajili ya kuchapishwa. Kwa hiyo hata kitabu ambacho dunia ilikisoma kilitegemea kumbukumbu zao.

Sasa turudi kwenye tembe. Mwaka 2006 serikali yetu iliiweka njia hii ya kati ya biashara ya watumwa na pembe katika orodha ya mapendekezo ya Urithi wa Dunia, ikitaja Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde, Kwihara na Ujiji. Jina la pendekezo lenyewe linataja watumwa. Lakini mgeni akifika Kwihara hukuta jina la mgeni mmoja mlangoni. Tunaona kwamba sehemu ya kosa ni yetu sisi wa makanisa. Kwa muda mrefu tulifundisha habari hii kana kwamba Injili iliingia bara ikiwa imebebwa na watu wachache wenye majina, na wengine wote walikuwa mizigo au wabeba mizigo. Ndugu zetu Wakatoliki wanayo kumbukumbu nzito zaidi hapa karibu: Mapadre Weupe walifika Tabora mwaka 1878, na baadaye huko Kipalapala walilea watoto waliokombolewa kwa kununuliwa. Adrian Atiman, aliyepitia njia hii akielekea Karema, alikuwa mmoja wa watoto wa namna hiyo, aliyenunuliwa mbali huko Afrika ya Magharibi, akasomea uganga Malta, akatibu watu kandokando ya Ziwa Tanganyika hadi alipofariki mwaka 1956. Fedha iliyomkomboa mtoto ilimfikia pia aliyemwuza. Wamisionari wenyewe walilijua tatizo hilo, na mwanafunzi wa maadili ya Kikristo angefaa kulitafakari akiwa amesimama Kipalapala kuliko akiwa darasani.

Kuna ugumu mwingine ambao hatupendi kuuruka. Katika Tabora na vijiji vyake wapo watu ambao mababu zao waliletwa kama watumwa kutoka Manyema na kwingineko, na wapo ambao mababu zao waliwamiliki. Wamekwisha kuoana na kuzikana, na mara nyingi hawaulizani. Mzee wetu alipouliza habari ya chumba, wawili kati yetu walitazama chini. Wanyamwezi nao hawakuwa wapagazi tu. Watemi na matajiri walimiliki watumwa, na rugaruga wa Mirambo waliteka watu. Kuweka kibao ukutani kutataka mazungumzo kwanza, na mazungumzo hayo yataumiza. Sisi tunaona kwamba wazee wa kanisa na wazee wa msikiti wa Tabora wanaweza kuyaanzisha pamoja kwa usalama zaidi kuliko afisa wa idara yoyote, kwa kuwa wao ndio wanaowazika watu hao.

Wakati huo, yapo yanayoweza kufanyika bila kungoja. Kiongozi wa matembezi anaweza kuanza uani badala ya kuanza chumbani. Anaweza kumweka mgeni mahali pa jiko na kumtaja Halima. Anaweza kumsimamisha mbele ya mlango na kumwambia kwamba hapa ndipo wapagazi walipoambiwa wazike, wakakataa. Tulimweleza kijana wetu hayo tukiwa njiani kurudi, naye alitoa daftari lake akaandika majina: Susi, Chuma, Halima, Ntaoeka, Losi, Jacob Wainwright. La mwisho alituomba tumtajie herufi kwa herufi.

Akatuuliza Wainwright huyo aliishia wapi. Tukamweleza kwamba alikuwa Myao, aliyeokolewa kutoka jahazi la watumwa, akasomeshwa katika shule ya misheni ya Nasik huko India, na kwamba baada ya kurudi kutoka Uingereza hakupata utulivu mahali pamoja. Mwishoni alikuja kutumika katika misheni ya London Missionary Society huko Urambo, misheni iliyoanzishwa na Dakta Southon mwaka 1879 kwa ruhusa ya Mirambo, na ambayo Wamoravian waliipokea mwaka 1898. Hapo Urambo Wainwright alifariki mwaka 1892. Kijana alishangaa. Alikuwa akidhani kwamba mtu aliyesimama kando ya kaburi la Westminster lazima awe amezikwa mbali sana, na kumbe Urambo ni kituo cha reli iendayo Kigoma, safari ya saa chache tu kutoka Tabora.